Upande wa Kibo

Neema mjukuu wangu,

Hapa Umbilo, huku kusini tulikohamia, hatujambo. Mjomba wako kapata kazi kiwandani Mobeni. Unasema huko Marekani Wanavajo, wenyeji wa asili, wana kilele kitakatifu, unauliza kama sisi Wachaga tulikuwa nacho. Eish, umesahau Kibo?

Zamani ukikutana njiani na aliyekuzidi umri, ulimwachia upande wa juu, ule wa mlima. Siku moja nikiwa na bibi yangu, tulikutana na Mzungu wa serikali. Tarishi wake akafoka, "Mpishe bwana!" Bibi, mzigo wa majani kichwani, hakusogea.

"Mwulize kama amenizidi umri."

Mzungu akashuka mferejini, upande wa chini wa njia, viatu vikajaa maji. Nilirudi nyumbani natembea kama mimi ndiye niliyepishwa.

Ukikutana na mzee wa Kinavajo, mwachie upande wa mlima. Yeye asipoelewa, mlima utaelewa.

Bibi yako