Gugu Lenye Mvi

Kaka yangu mpendwa,

Natumaini barua hii itakukuta u mzima, mgongo umepoa, na wifi pamoja na watoto hawajambo. Sisi huku tunashukuru. Mimi sijambo, isipokuwa kiwiko cha mkono wa pasi, ambacho hunitangazia mvua kabla ya redio. Ile mashine kubwa ya kufulia ilitugomea, fundi akaja akaibembeleza, sasa inafanya kazi ila inakoroma kama mlinzi. Mama ni mzima. Ni mzima kuliko unavyodhani, na hilo ndilo lililonifanya nishike kalamu badala ya simu, maana kwenye simu wewe huwa hunipi nafasi ya kumaliza sentensi.

Ulikuwa ukiniuliza habari za yule mwanaume. Mara ya mwisho nilikwambia ulale usingizi, hilo jambo nitalimaliza mimi. Sasa nakueleza tangu mwanzo, nawe usome hadi mwisho kabla hujanipigia.

Ni mkaguzi wa shule mstaafu. Mtaani wanamwita Mkaguzi mpaka leo, ingawa hana tena cha kukagua zaidi ya vibao vya maduka, ambavyo huvisoma kwa sauti na kusahihisha herufi. Mkewe alifariki zamani. Ni mrefu, mwembamba, na shingo yake inacheza ndani ya kola kama mchi ndani ya kinu. Koti havui hata jua likiwaka. Akitaka kusema kichekesho hucheka yeye kwanza, peke yake, kisha ndipo anakisema, na kikishafika unabaki unajiuliza alikuwa anacheka nini. Nimekaa katika duka hili la dobi miaka mingi, nimepokea nguo za walevi, za wanasiasa na za mabwana harusi, lakini mtu wa kunichosha roho kama huyu sijapata kumwona.

Alianza hivi. Aliingia dukani mchana mmoja koti lake likiwa limejaa manyoya meupe, membamba kama sufi, tangu kiunoni hadi upindoni. Mama alikuwa kwenye kaunta kama kawaida, mimi meza ya pasi, nyuma ya mashuka ya wateja. Mama akamuuliza amegaagaa wapi. Mtu mwenye akili zake angejibu kwamba amepita kwenye majani, akapewa risiti, akaenda zake. Huyu akavua kofia. Akaanza kueleza kwamba hayo manyoya ni ya gugu ambalo wataalamu wa mimea huliita Senecio, jamii moja na alizeti, lenye maua madogo ya manjano. Akasema jina hilo ni la Kilatini, lugha ya Warumi wa kale, limetokana na neno lao senex, maana yake mzee. Likaitwa hivyo kwa sababu ua likishakomaa hubaki kichwa cha mvi, na upepo ukizichukua mvi kinabaki kipara. Hapo akainama amwonyeshe Mama kipara chake mwenyewe, kama vile hatukukiona alipoingia. Akaongeza kwamba hata neno seneti limetoka kwenye shina hilohilo, kwa kuwa maana yake ni baraza la wazee.

Mama akacheka. Kaka, Mama alicheka mpaka akashikilia kaunta. Nilitoka mbio nyuma ya mashuka nikidhani ameishiwa pumzi. Sikuwa nimemsikia akicheka vile tangu tulipomzika Baba, na nikisema kweli, hata kabla ya hapo.

Basi ukawa mlango umefunguliwa. Akawa anakuja kila mara na furushi. Wewe unajua mimi nafua, na shati linaweza kumficha mwenyewe kwa mambo yote, lakini kola haimfichi. Kola za Mkaguzi zilikuwa safi. Mwanaume mzima alikuwa anafua mashati nyumbani kwake, anayakausha, kisha anayaleta kwa dobi yafuliwe. Nikamwambia Mama. Mama akasema nguo ni zake, akitaka azifue mara saba.

Kisha akaleta lile gugu lenyewe. Alilipanda kwenye kopo la rangi, akalifunga utepe, akaliweka kwenye kaunta mbele ya Mama. Unakumbuka jinsi Baba alivyokuwa akiling'oa kule nyuma, chini ya kamba za kuanikia, kwa sababu manyoya yake hung'ang'ania shuka bichi na hayatoki mpaka ulifue upya. Kumletea dobi gugu lile ni sawa na kumzawadia mwenye ghala panya. Nikamwambia hivyo, bila kupunguza. Alinisikiliza kwa adabu, akasema nina haki kabisa, na kwamba atakuwa anakata maua kabla hayajaota mvi. Na kweli alikuwa anakuja na kimkasi cha kucha, anainama pale kwenye kaunta, ananyoa gugu. Wateja wakisubiri nguo zao.

Mama naye akaanza. Tukila chakula ananiuliza kama najua jina la hiki linatokana na nini, au lile lina maana gani. Nilimjibu sijui na sitaki kujua. Ndipo nilipokupigia simu, nawe ukasema nyumba ya Baba si kituo cha kupokelea wazee waliopotea njia, ukanitaka nikupe neno langu kwamba hakuna ndoa itakayofungwa. Nikakupa, na nilikupa kwa moyo mmoja.

Shangazi alipopata habari akasema mtu wa aina hiyo hafukuzwi, huaibishwa. Jirani yake ni yule mzee waliyempa jina la Frateri, kwa sababu ujana wake wote alisomea upadre kisha akaacha ukingoni kabisa. Kilatini anakijua mpaka anakiota ndotoni, na hakuna kinachompendeza kama kumsahihisha mtu mbele ya watu. Shangazi akapanga tumwalike Mkaguzi chakula cha mchana, Jumapili, naye aje na Frateri. Tulitaka Mama aone kwa macho yake kwamba usomi anaochekea ni wa kuokota.

Wakaja. Mkaguzi alikuwa amevaa shati nililolipiga pasi mwenyewe, nami nilijilaumu kwa kulinyoosha vizuri. Shangazi hakungoja hata nyama ipakuliwe, akamwomba atueleze habari za gugu lake. Akaeleza, shingo ikipanda na kushuka. Alipomaliza tukamgeukia Frateri, mimi nimekaa tayari kama mtu anayesubiri bao.

Frateri akafuta midomo, akasema ni sahihi. Akasema Warumi wenyewe waliliita gugu hilo kwa jina hilohilo, na hata kabla ya kulipa gugu, senecio kwao lilikuwa neno la kumwitia mzee. Kisha akamuuliza Mkaguzi kama anajua jina la Kiyunani la mmea wa namna hiyo. Mkaguzi akasema la Kiyunani nalo linasema mzee, ila mzee wa mapema, kwa kuwa hupata mvi mwaka ukiwa bado mchanga. Basi wakaanza. Kaka, wazee wawili walisahau kwamba kuna watu mezani. Wali ulipoa. Shangazi alimpiga Frateri teke chini ya meza, naye akasogeza mguu tu, akaendelea.

Mwisho Shangazi akachoka na ustaarabu. Akasema kwa sauti kwamba habari za mzee wa porini tumezisikia, sasa tungependa kujua huyu mzee wa mezani anatafuta nini kwa mjane wa kaka yake. Mkaguzi alifungua mdomo. Mimi nikamtangulia.

Nikasema, "Anatafuta wa kumfulia bure. Angesema tu, tungemwelewa."

Shangazi akacheka, nami nikacheka. Hata Frateri alitabasamu kidogo kwenye sahani yake. Mkaguzi akaweka kijiko chini taratibu. Shingo yake ile ikatulia. Akashukuru kwa chakula, na mkono wake ulipokwenda kutafuta kofia ukaikosa, ukaitafuta tena.

Mama hakucheka. Alinitazama kama anavyotazama doa anapojaribu kujua ni la kitu gani. Kisha akasema:

"Hiyo dharau si yako, mwanangu. Ni ya baba yako. Alikuachia duka, akakuachia na hiyo."

Shangazi akaruka, akasema marehemu hasemwi. Mama akamwambia marehemu alikuwa mume wake, atamsema. Akatueleza, bila kupandisha sauti, kwamba tulipokuwa wadogo alimuuliza Baba lile gugu la chini ya kamba linaitwaje, maana alikuwa analing'oa naye kila wiki. Baba akamjibu mbele ya wateja, "Jina lake utalifanyia nini wewe? Wewe ng'oa." Akasema aling'oa mpaka Baba alipokufa, na hakuuliza tena jina la kitu chochote katika nyumba ile, mpaka siku mtu alipoingia dukani na koti chafu akamjibu kabla hajamaliza kuuliza.

Sikumwamini palepale. Nilikasirika kwa niaba ya Baba. Lakini siku zilizofuata, nikiwa peke yangu na pasi, nilianza kutafuta. Nilitafuta siku moja tu ambayo Baba alimwita Mama kitu kingine zaidi ya "wewe", au "huyu" akiwa anamwambia mtu mwingine. Nilitafuta kwenye harusi yako, nilitafuta hospitalini alipokuwa amelazwa na Mama akimlisha kwa kijiko. Wewe ni mkubwa, huenda unakumbuka nisichokumbuka. Mimi sikuipata.

Mama akaacha kuja dukani. Hakununa. Alisema amechoka, akakaa nyumbani, akanipikia, akaniuliza kiwiko kinaendeleaje. Hicho ndicho kilichoniuma zaidi. Angenigombeza ningejua pa kushika.

Siku moja Mkaguzi akaja. Safari hii mikono mitupu. Nikamwacha asimame. Akasema amekuja kwangu, si kwa Mama. Akasema amefanya kazi maisha yake yote ya kuingia madarasani bila kualikwa, na kila mwalimu alimtazama kama ninavyomtazama mimi, kwa hiyo nisidhani namwonea, ameshazoea. Nikaendelea kunyoosha shati.

"Sikuombi unipende," akasema. "Nakuomba usimfanye achague."

Nikataka kumjibu. Nilikuwa nalo jibu, wewe unanijua, jibu huwa halinipigi chenga. Lakini nikanusa, kola inaungua. Nilipoinua pasi, alama yake ilikuwa imebaki pale, ya kahawia, kwenye shati jeupe la mteja. Mkaguzi akaiona, na yeye ambaye hana kitu asichokitolea maelezo akavaa kofia yake. Alipofika mlangoni akainua macho kwenye kibao chetu, midomo ikaanza kusoma, akagundua ninamtazama, akayameza maneno na kuondoka.

Jioni ile nilimkuta Mama chumbani, ametandika blanketi juu ya meza, anapiga pasi gauni lake la buluu. Mama, kama ujuavyo, hajui kupiga pasi; kazi yake ni kaunta. Mikunjo ilikuwa inazidi badala ya kupungua. Hakuniambia anakwenda wapi wala lini. Nikaichukua ile pasi mkononi mwake, nikalinyoosha gauni mimi, mikono, kiuno, hadi upindo.

Sasa kaka, kaa chini kama umesimama. Walifunga ndoa Ijumaa iliyopita, katika ofisi ya msajili. Shahidi wa Mama nilikuwa mimi. Niliweka sahihi yangu kwa hiari yangu, bila kushawishiwa na mtu. Neno nililokupa nimelivunja, na sikukwambia mapema kwa sababu ungepanda basi la kwanza uje kulizuia, na mimi sikutaka lizuiwe. Shangazi bado hajui. Akijua utasikia hukohuko uliko, hutahitaji simu.

Msajili alikuwa kijana mwenye mafua. Alimuuliza Mama jina lake, akiwa ameinamia meza. Mama akalitaja. Alitaja lake, kisha la baba yake, kisha la babu yake, taratibu, kila moja likisimama peke yake. Sisi tumekua tukimwita Mama, majirani wakimwita mama yako wewe, na Baba umeshasikia. Kaka, nilikuwa sijawahi kulisikia jina la mama yangu likitoka mdomoni mwake. Niliposhika kalamu sikuona vizuri mahali pa kuandika, msajili akanionyesha kwa kidole.

Nyumba ya Baba iko salama, kama hilo ndilo linalokukosesha usingizi. Hakuhamia mtu. Mama ndiye aliyekwenda kwake, nyumba ya tatu nyuma ya duka, na kila asubuhi yupo kwenye kaunta.

Usidhani nimelainika. Bado simpendi. Ukimpa chai anaivuta mpaka majirani wanajua amepewa chai. Anarudia hadithi moja kwa watu walewale, na mkewe ndiye pekee anayecheka mara zote. Juzi alinisahihisha herufi kwenye risiti. Lakini likizo yako inakuja, na najua utakuja umekunja uso na maneno umeyapanga. Yaache hukohuko. Ukifika, utamsalimia, utamwita Baba Mdogo, na utakaa usikilize habari za Warumi mpaka mwisho. Kama huwezi, ahirisha safari. Kumdharau niachie mimi, mimi ndiye ninayemfulia.

Nisalimie sana wifi, mwambie kitambaa alichotuma kimenitosha. Wabusu watoto kwa ajili yangu, na usisahau kuujali mgongo. Mama anakusalimu, amesimama hapa pembeni, anauliza kama nimekwisha kukwambia. Nimemjibu nimekwisha.

Ni mimi mdogo wako akupendaye,
Kitindamimba