Bwana Colin na Mlango wa Darsait

Jumapili, 11 Januari
Nimetoka kwangu Mabela asubuhi kama kawaida, nikampitia Bwana Colin hotelini Qurum. Kalala garini mpaka Darsait. Mwingereza, mwongozaji wa filamu tangu ujana wake, sasa anatembelea mkongojo. Mimi mkalimani wake. Katengeneza kila aina: za vita, vichekesho, mizimu, za kuimba, za watoto. Hii ya Maskati ndiyo ya mwisho, kasema mwenyewe. Hadithi yake: bikizee anamngoja dada yake kutoka Unguja, hawajaonana tangu usichana.
Anayemwigiza bikizee ni Mama yangu. Hajapata kuigiza maisha yake. Bwana Colin alikuja kutazama nyumba yake tu, akamtaka na yeye.
Ukungu juu ya majabali. Mji mzima kama umefunikwa shashi.

Jumatatu, 12 Januari
Bwana Colin kaniita Margaret. Nikaitika. Baadaye kanieleza: Margaret aliigiza filamu yake ya kwanza, keshakufa zamani.
Majabali ya Darsait anasema ni yake, aliyajenga kwa mbao na plasta kwa ajili ya filamu ya vita. Nusura niamini. Nnazipenda safari hizi. Aibu kusema, lakini nnazipenda.

Jumatano, 14 Januari
Siku mbaya. Mzee kasimama katikati ya ukumbi wa Mama, katuuliza tunangoja nini.
Bi Helen, msimamizi wa filamu, kaniita pembeni. Anataka kazi aimalize msaidizi wa mzee. Kaniuliza kama mzee anajua yuko wapi. Nimesema kweli: garini hajui. Akishakaa nyuma ya kamera, anajua. Kaniangalia sana. Basi kampa mzee siku ya kesho tu, aongoze sehemu ya mwisho.
Nimemwambia Mama. Kasema bila ya mzee haigizi. Tena hiyo sehemu ya mwisho, ya kumfungulia dada mlango, anaiogopa. Dada yake wa kweli, mama mkubwa Zuhura, alifia Unguja kabla Mama hajawahi kwenda kumwona. Hakumlilia. Sikuwahi kumwona akimlilia.
Naogopa.

Alhamisi, 15 Januari
Hadithi inasema: hodi inapigwa, bikizee anafungua, anacheka, wanakumbatiana.
Bwana Colin kavuta kiti karibu na Mama. Kamshika mkono. Hakumwagiza kitu. Kisha kaashiria kamera ianze.
Hodi. Mama kaenda mlangoni. Mkono kwenye komeo. Hakufungua. Kaegemeza paji la uso kwenye mbao, kasema taratibu:
"Zuhura, mbona umechelewa?"
Hilo halimo kwenye hadithi. Nikataka kumfasiria mzee. Kainua kidole, ninyamaze. Nje, yule anayeigiza dada kapiga hodi tena, kisha kaacha. Kamera inaendelea. Mama analia bila sauti, mwanga wa dirishani unatambaa ukutani, na sote tumesimama kama tumo majini.
Mwisho mzee kasema basi.
Bi Helen kasema mlango lazima ufunguke. Mzee kamjibu kwa upole:
"Kwenye kichekesho ningeufungua. Kwenye ya vita ningeuvunja. Huu uacheni."
Bi Helen kakubali uachwe.
Mama kalia mpaka magharibi. Nimekaa naye, nikalia na mimi.

Ijumaa, 16 Januari
Nimelala baada ya sala. Nimeota filamu zote za Bwana Colin zimechanganyika. Askari wanaimba, mizimu inakunywa chai, Mama anapita katikati yao akitafuta ubani.

Jumapili, 18 Januari
Nimempeleka Bwana Colin uwanja wa ndege, anarudi kwao. Njiani kaniuliza, kwa adabu, alikuja Maskati kufanya nini. Nikamhadithia filamu yote, tangu mwanzo. Kasikiliza bila kunikatiza.
"Hiyo ningependa kuiona," kasema. "Nani kaitengeneza?"
"Wewe."
Kafikiri kidogo, kisha kacheka, kageukia dirishani.
Nimerudi polepole, kwa njia ya pwani, mpaka Darsait. Mama nimemkuta anachagua mchele. Kaniuliza kama mzee alikula kitu kabla ya kuondoka. Nikamwambia alikula. Nikavuta sinia, tukachagua pamoja.