Mstari wa Mzee Stathis

Arlington, Marekani, 4 Februari 2024

Baba mpendwa,

Shikamoo. Habari za nyumbani, na goti linasemaje? Mimi mzima. Nakuandikia maana kwenye simu unasikia nusu, nusu unaitunga mwenyewe.

Mzee Stathis, Mgiriki ninayemtunza, kiharusi kimemfutia Kiingereza chote. Kimebaki Kigiriki, na mwanawe Ethan hakijui. Kila asubuhi anakariri maneno yenye vina, anafika mahali ananyamaza, ananikodolea macho, kisha anapiga meza kwa hasira. Anasubiri kitu, sijui nini. Kutwa tuko wawili na hakuna anayemwelewa mwenzake. Maneno yenyewe nimeyaandika nyuma ya karatasi hii jinsi ninavyoyasikia.

Mwanao,
Elieth

Shighatini, Mwanga, 10 Machi 2024

Mwanangu Elieth,

Marahaba. Goti limeniheshimu mwezi huu.

Nimegeuza karatasi nikacheka peke yangu. Hayo ni ya mshairi wao wa taifa! Nilipokuwa karani kwenye shamba la mkonge kule Korogwe, bwana wetu Mgiriki aliyakariri kila Machi, sikukuu yao ya uhuru. Anatoa mstari, ananyamaza, wageni wake barazani wanajibu unaofuata. Ndio wimbo wao wa taifa. Aliniambia mshairi huyo alisomeshwa kwa Kiitaliano, lugha ya mama yake akaja kuishika ukubwani. Nilimpenda hapo hapo. Mimi nami Kiswahili nilikikuta shuleni.

Mzee wako anasubiri ajibiwe. Mstari wa kujibu nimekuandikia hapo chini kwa herufi zetu.

Nyumba imekuwa kubwa mno tangu mama yako atutoke.

Baba yako

Arlington, 19 Mei 2024

Baba,

Shikamoo. Unakula vizuri?

Nilimjibu! Alinishika mkono, akalia, akaniita Lenio, jina la binti yake aliyefariki. Tangu siku hiyo kila asubuhi tunajibizana mstari huo huo mmoja. Sasa Ethan amenisihi nisije nyumbani likizo ya Juni, nami nimekubali. Usinune, Baba. Nitumie mistari mingine, yote unayoikumbuka.

Mwanao,
Elieth

Shighatini, 30 Juni 2024

Mwanangu,

Marahaba. Sijanuna. Kitanda nilikuwa nimeshakitandika, nikakitandua, basi.

Mistari mingine ninayo tele, ila mkono unatetemeka kuandika. Njoo uisikie kwa mdomo wangu.

Baba yako

Arlington, 6 Oktoba 2024

Baba,

Shikamoo. Kifua ulicholalamikia kwenye simu kimepona?

Nimekata tiketi! Natua uwanja wa KIA tarehe 12 Desemba, wiki tatu nzima. Nakuja kuchukua mistari yangu yote, kaa tayari.

Mwanao,
Elieth

Shighatini, 3 Novemba 2024

Mwanangu Elieth,

Marahaba. Kifua hakijambo. Aibu ndiyo inanisumbua.

Mistari mingine sina. Ni ule mmoja tu. Kila mwaka nilipita barazani na daftari la mahudhurio, nikausikia, ukanikaa kichwani. Nilikudanganya ili uje. Mtu mzima, mzee wa kanisa, nadanganya mtoto! Yule mshairi naye, nasikia, aliacha mashairi mengi bila kuyamaliza, lakini hilo halinitetei.

Kama safari ni ya mistari, rudisha tiketi. Sitakasirika.

Baba yako

Arlington, 17 Novemba 2024

Baba,

Shikamoo. Barua hii namkabidhi rafiki yangu Anitha, anaruka kesho kuja huko, ili ikuwahi.

Nilicheka mbele ya Mzee Stathis mpaka naye akacheka, halafu nikaenda kulia jikoni. Mistari yote iko kitabuni, Baba. Nilipomwambia Ethan habari ya mshairi wa taifa alikiagiza siku ile ile, na kilifika hata kabla sijakuomba. Kina matamshi kwa herufi zetu pembeni. Ethan anamsomea baba yake kila Jumapili, na wala hanihitaji.

Nilikuomba wewe kwa sababu ukimkumbuka yule Mgiriki barua inakuwa ndefu, na mimi hapa sina mwingine wa kuniandikia. Na Juni nilibaki kwa kuwa ilikuwa tamu kuitwa binti na mtu ninayeweza kumshika mkono. Nilijua unanisubiri, nikabaki. Nisamehe.

Tiketi sirudishi. Siku ya kwanza usiniulize chochote, acha nikae tu karibu yako.

Mwanao,
Elieth