Porojo Zangu Zimeingia Kwenye Sarufi

Singhabir, nimeumbuka mwenzio! Yule mtafiti, Sujata, leo amekisomea kijiji kizima kitabu chake cha sarufi ya Kibaram, pamoja na tafsiri. Mifano yote ni porojo zangu!

"Mwenyekiti aliiba pombe ya ulezi." "Mwenyekiti alikimbizwa na nyati." Kurasa na kurasa, ndugu yangu!

Mwenyekiti wetu wa kijiji akawaka: "Mzee Harkajit, futa uongo wako, la sivyo kitabu hiki hakichapwi!"

Hakichapwi?! Tumebaki wazee wangapi wa kukisema Kibaram?

Nikamwambia, "Sifuti hata nukta. Kanusha mwenyewe, kwa lugha ya mama yako, Sujata aandike."

Akamgeukia mama yake amsaidie. Hajui hata neno!

Mara mama yake akasimama na mkongojo wake, akasema kwa Kibaram safi: "Binti, andika: na kuku wangu pia ni yeye aliyemla."