Mume Wangu Kati ya Sanamu za Nta

Mpendwa mshauri, shikamoo. Naomba unisaidie maana nimeota ndoto na tangu hapo naogopa kumtazama mume wangu usoni. Nilijikuta usiku kwenye makumbusho ya sanamu za nta, kama yale ya Ulaya niliyoyaona kwenye kalenda ya paroko, lakini jengo lilikuwa kile kiwanda chetu kilichofungwa, na sanamu ni wafanyakazi waliopunguzwa, kila mmoja mbele ya mashine yake, na mume wangu Castory yumo, ndani ya ovaroli yake, na mimi nina kitambaa namfuta vumbi huku mlinzi akinionya nisimsogezee taa atayeyuka, kisha nikaona miguuni pake wanangu, Ester na wadogo zake, nao wa nta, hawajawekewa macho, nikaamka nalia.

Castory ni Mngoni wa Songea. Alipunguzwa mwaka juzi lakini kila asubuhi anavaa ovaroli anakwenda kukaa getini na wenzake kumngoja mwekezaji, na mimi namfulia na kumpigia pasi asijisikie vibaya. Mjomba wangu ametugawia shamba la ukoo kule Matombo milimani, maana sisi Waluguru ardhi hufuata upande wa mama, lakini nilipompelekea habari, Castory alisema akilima ardhi ya mke ataonekana yeye ndiye ameolewa. Mjomba amesema vuli ikipita hatujalima, anampa dada yangu. Mama anasema ndoto hii ni ya msiba. Je, nimwache Castory nipande mlimani na watoto?

Theresia, Morogoro

Marahaba, Theresia. Pole mwanangu, ndoto hiyo ingemtisha yeyote. Lakini msiba usiutafute, mumeo ni mzima. Hebu nikuulize, huko ndotoni kitambaa alishika nani? Na hiyo ovaroli anaipiga pasi nani? Wewe unaita huruma, mimi naona ni woga. Unamtunza aendelee kusimama palepale, na watoto wanamtazama.

Shamba ulimpelekea habari wewe, ndiyo maana aliona aibu. Huko kwenu mwenye neno ni mjomba. Mwombe ashuke mjini amkaribishe Castory kwa kinywa chake, kisha ampeleke akamwonyeshe mpaka wa shamba.

Na kesho pasi usiiguse. Kaa naye, mtazame usoni, umwambie: "Baba Ester, kiwanda hakitatuita tena. Tunakwenda kulima Matombo, na mimi nataka twende na wewe." Atakasirika, pengine atalia. Mwache alie, na usiombe radhi. Akikataa kabisa, panda na watoto mkawahi mvua, na jembe lake libebe, limngoje huko.