Wa Kuanguka Anatosha Mmoja

Alhamisi, 9 Septemba 1943
Tumecheza tena mbele ya kamanda Mjerumani. Mimi naanguka kwenye ngazi, kofia haitoki kichwani, na mwenzangu Jonas Verdoner ananipiga kwa ufagio. Miaka thelathini hivyo hivyo, tangu Amsterdam. Hapa kambini wafungwa Wayahudi hawathubutu kucheka kabla ya kamanda. Leo alicheka mpaka akafuta macho – ndipo banda zima likaangua kicheko! Kwa sababu yangu. Jonas anashika ufagio tu.
Wachekeshaji tuna mhuri kwenye kadi. Mwenye mhuri hapandi treni ya Jumanne, ile ya mashariki, isiyorudisha mtu. Ndiyo maana naanguka, na miaka sabini na moja hii.
Goti limevimba. Si kitu.

Ijumaa, 10 Septemba
Jonas kaja na shemeji yake Nathan, muuza matango ya siki. Eti nimfundishe, goti likigoma siku moja tuwe na mtu. Nikamwambia langu haligomi. Akasema Uholanzi nzima hakuna anayejua kuanguka kama mimi. Hapo alisema kweli. Nikafundisha. Pumzi nje kwanza, kisha bega la kushoto. Huyo Nathan anaanguka kama gunia la viazi! Mara ya kumi na tano akaanza kufanana na mtu.

Jumapili, 12 Septemba
Jana Jonas alinituma nikalale. Mazoezi tu, alisema. Nikasikia kicheko toka bandani. Kicheko cha anguko langu – nakijua.

Jumatatu, 13 Septemba
Orodha ya treni imesomwa. Turksma, Barend: mimi. Nikadhani wamekosea. Nikamwendea Jonas, anang'arisha viatu. “Ofisini walisema wa kuanguka anatosha mmoja, kaka. Nathan ana watoto wawili.”
Nikamwuliza, na wewe ulisema nini?
“Nilisema una goti.”
Hakuinua macho.

Jumanne, 14 Septemba
Niko behewani, mlangoni. Jonas kaja mbio. Nikajua anakuja kunishusha! Kanipa nusu mkate. Halafu, kwa sauti ya chini: “Kaka, ile kofia. Unaangukaje nayo haitoki kichwani? Kamanda kauliza. Nathan hawezi.”
Nikamwita mbwa.
“Nitukane. Ila niambie.”
Hakuna mwingine ajuaye. Hata yeye, hatua mbili toka kwangu miaka yote, hakuwahi kuona! Kofia ninayo. Mkono umeshapanda wenyewe kuonyesha, nimeushusha nishike kalamu. Wanafunga milango kuanzia nyuma. Behewa la tatu. La nne. Jonas haondoki, ananikodolea mikono. Naweka kalamu chini, nimwonyeshe