Mwenyekiti alivyocheka

Sparkhill, Jumapili, Novemba 2006

Alicheka. Mwenyekiti wetu, ambaye hajaitisha uchaguzi wa jumuiya ya Waswahili huku Uingereza kwa miaka saba, alicheka hadi akafuta machozi kwa ncha ya skafu.

Nami filamu ile niliichagua kwa ajili yake. Vichekesho vya Kirusi vya zamani, kuhusu mwenyekiti wa kijiji anayehutubia kutwa na hamsikilizi mtu. Wazee hawasomi maandishi ya Kiingereza yanayopita chini ya picha, basi nilisimama kando ya televisheni nikiwatafsiria kwa sauti, kama wafanyavyo kwenye vibanda vya video Dar. Palipohitaji makali niliongeza yangu. Mrusi wa watu akajikuta anaahidi uchaguzi "baada ya Ramadhani, inshallah", maneno yaleyale ya mkubwa wetu.

Nikangoja aone haya. Badala yake alinishika mkono.

"Mwalimu, umetuburudisha. Yule mzee wa hotuba, wallahi, ni wewe mtupu. Hata kidole anakinyoosha kama wewe."

Ukumbi mzima ukakubali. Bi Rehema, anayetupikia chai, akasema Mrusi ana nafuu, yeye angalau hunyamaza akila.

Asante, Bi Rehema.

Nikawageukia niulize, basi, uchaguzi lini. Kidole kilikuwa kimeshanyooka kabla sijatamka neno. Wakaangua kicheko, nami nikaketi bila kuuliza.

Miaka saba amejiongezea mwenyewe. Wa nane nimempa mimi, kwa kidole changu.